Mkia Kwanza

Mwezi uliopita tulikuwa barazani hapa Dar es Salaam, mimi na majirani, tunachambua mchicha. Ndege mkubwa akapita juu ya paa la soko la samaki, na jirani yangu mmoja, mwalimu mstaafu, mtu na heshima zake, akamnyoshea kidole akamwambia mjukuu wake, "Unamwona tai yule?" Nilijitahidi kunyamaza. Nilijitahidi kweli, nikachambua matawi matatu mazima bila kuinua kichwa. Kisha mdomo ukaniponyoka: "Yule si tai, mwalimu. Tazama mkia, umechanika katikati. Yule ni mwewe, na anachotafuta ni matumbo ya samaki." Wakacheka wote, maana wanajua huo ndio ugonjwa wangu. Watu wa umri wetu kila mmoja ana kitu alichobebeshwa utotoni ambacho hawezi kukitua. Mwingine ana nyimbo za mchakamchaka, mwingine hadi leo akiona watu watatu wamesimama kwa mstari anadhani kuna sukari. Mimi nina mikia ya ndege.

Mwalimu akaniuliza nilijifunzia wapi. Nikasema, kwa shangazi yangu, kwetu Ufipa. Nilitaka kuendelea, lakini nikasingizia maharage yanaungua nikaingia ndani. Hakukuwa na maharage yoyote jikoni.

Kwetu ni juu kabisa, ukingoni mwa uwanda, mahali ambapo ukisimama nyuma ya nyumba unaliona bonde la Rukwa limelala chini na ziwa linang'aa mbali. Hadi mjini Sumbawanga ulikuwa mwendo wa asubuhi nzima kwa miguu. Miti ni michache. Kilichopo ni nyasi, mawe, na mashamba ya ulezi na maharage juu ya yale matuta yetu ya mviringo yaliyofukiwa majani. Upepo wa Juni na Julai wa kule hauombi ruhusa, unaingia kwenye nguo kama mwenye nyumba. Ndege wakubwa wanapapenda kwa sababu hakuna kinachojificha, panya hajifichi, fuko akitoa pua anaonekana, na vifaranga vya watu vinaonekana kutoka mbinguni.

Mama yangu alifariki nikiwa bado naota meno, simkumbuki hata harufu. Baba, Kalisti, alikuwa fundi baiskeli kwenye baraza la duka moja mjini, duka la familia ya Kiislamu iliyokuwa pia na malori, naye alirudi nyumbani Jumamosi na kuondoka Jumapili baada ya misa. Aliyenilea ni dada yake, shangazi Oresta. Niliambiwa alikuja kunilea, nami nikaamini kwamba hiyo ndiyo kazi aliyozaliwa nayo. Haikunijia hata siku moja kujiuliza kabla ya hapo alikuwa wapi. Kwangu mimi shangazi alianza siku nilipoanza kumwona.

Kazi yangu nikitoka shule, na siku nzima wakati wa likizo, ilikuwa kuchunga vifaranga. Msicheke, ninyi mliokulia mjini. Kuchunga vifaranga ni kazi kuliko kuchunga ng'ombe, maana ng'ombe hachukuliwi na kitu kinachoshuka kutoka juu. Shangazi aliwapaka vifaranga wetu dawa ya vidonda ya zambarau mgongoni, akisema ndege hapendi kula asichokijua rangi. Baba naye, siku hizo maduka yalipoanza kujaa tena na bidhaa za Zambia kuingia kwa wingi kupitia Kasesya, alileta kanda za kaseti zilizoharibika, akazifungua na kuzikaza juu ya uwanja kutoka nguzo hadi nguzo. Upepo ukipita zilivuma na kumeta. Sijui ni nyimbo za nani zile tulizozianika, ila vifaranga wetu walikua chini yake.

Pamoja na hayo yote, shangazi aliamini ulinzi wa kweli ni macho. Alinikataza kabisa kupiga kelele ovyo. "Ukimtisha kuku mara tatu kwa ndege asiye na kosa," aliniambia, "siku ya nne mwizi mwenyewe akija, kuku atasema ni huyu Fausta tena, na hatakimbia." Kwa hiyo nilitakiwa nijue nani anapita kabla sijafungua mdomo. Kanuni yake ilikuwa moja. Mkia kwanza, kisha mabawa, kisha tumbo. Uso mwisho, kwa kuwa ukiwahi kumwona ndege uso, kifaranga kimeshaondoka.

Tulikaa kwenye gogo kando ya ghala, yeye akipepeta, mimi nikitazama juu hadi shingo inauma. Yeye mara nyingi alisimama. Alikuwa na namna yake ya kusimama, uzito wote mguu mmoja, na unyayo wa mguu wa pili akiusugulia kwenye shavu la mguu wa kwanza, taratibu, bila kujua anafanya hivyo. "Nani yule?" angeuliza. Mkia umechanika, mwili kahawia, mdomo wa njano, na mkia wenyewe anausokota huku na huku kama usukani: mwewe. Huyo alipigiwa kelele. Mdogo, mabawa mafupi ya duara, kifua kimechorwa mistari myembamba ya kukata, anakuja chini chini kutoka nyuma ya nyumba: kipanga, na huyo alipigiwa kelele mara mbili. Mwenye mabawa ya ncha na masharubu mawili meusi chini ya macho alikuwa kozi, lakini shangazi alimwita Bwana Shamba kwa sababu alifanana na bwana shamba mmoja aliyewahi kuja kutufundisha kupanda kwa mstari. Kozi anakamata njiwa angani, vifaranga wa ardhini si hadhi yake. Asiye na mkia, au mwenye mkia mfupi hadi miguu myekundu inachomoza nyuma, anayeyumba hewani kama mtu anayerudi kilabuni, alikuwa pungu. Yule mweusi mwenye kishungi kichwani, anayekaa juu ya nguzo kama askari na akiruka anaonyesha madirisha meupe kwenye mabawa, ni tai wa panya, na shangazi alimwamkia kabisa. "Shikamoo baba," alisema, "usituache."

Aliowapenda kuliko wote ni wawili waliokaa kwenye jabali lililo nyuma ya shamba letu. Juu weusi, tumbo jeupe kama shuka la padri, na mkia mwekundu wa udongo. Jina lao la vitabuni, shakivale, nimelijua ukubwani. Shangazi aliwaita Wenye Sketi. Wao walikula panya na fuko, na kila mwaka walitotoa kwenye jabali lile lile, na yeye alijua siku kinda lao lilipotoka kiotani na siku lilipoondoka. "Limeshakwenda," aliniambia jioni moja, na jioni hiyo hakula. Nilidhani ni tumbo.

Kulikuwa na jambo jingine nililolisoma vibaya. Mitumba ilipoanza kuuzwa mjini, shangazi alikwenda mara moja kila msimu wa mavuno, na kila alipokwenda alirudi na magauni mawili ya mtoto. Alinipima yote mawili mgongoni, akageuza, akakaza mabega. Moja nilivaa. La pili alilikunja akalitia kwenye sanduku lake la bati, akisema ni la akiba. Nilijua kabisa akiba ile ni yangu, ya nitakapokua. Nilikuwa nikilala nikiyafikiria magauni yangu yaliyomo sandukuni, hasa moja la buluu lenye kola nyeupe. Sikushangaa kwamba mwaka ulifuata mwaka na sanduku halikufunguliwa kwa ajili yangu.

Mwaka ninaoukumbuka zaidi nilikuwa na miaka kumi hivi. Kiangazi kilikuwa kimeanza, nyasi zimechomwa, na vifaranga wetu wakaanza kupungua. Leo mmoja, kesho kutwa mwingine, bila kelele wala unyoya. Niliona aibu kubwa. Ilikuwa zamu yangu, macho yangu. Ndipo akatokea ndege nisiyemjua. Alikaa kwenye nguzo ya mwisho karibu na jabali, saa nzima, akitazama uwanja wetu. Nikamsoma kama nilivyofundishwa. Mkia kahawia wenye vijistari, haukuchanika. Mabawa mapana. Tumbo jeupe chafu lenye madoa ya kahawia kama limetiririkiwa na chai. Hakuwa mwewe, hakuwa kozi, hakuwa tai wa kishungi, na sketi hakuwa nayo. Nikaamua ni kipanga, kipanga mkubwa wa aina yake, na kwamba nimempata mwizi.

Shangazi alikuwa amekwenda kumuuguza ndugu yetu kule Kaoze, bondeni, asingerudi kwa siku tatu. Jumamosi baba alipofika nikamweleza. Akaniuliza, "Una hakika?"

"Nina hakika baba. Nimeanzia mkia."

Baba alitabasamu. Alikuwa anajivunia macho yangu, alikuwa akiwasimulia wenzake kule barazani mjini. Akachukua waya mwembamba wa breki ya baiskeli, akatengeneza kitanzi juu ya ile nguzo, na chini yake akafunga kifaranga mmoja. Jumapili kabla ya misa ndege alikuwa amenasa, bawa moja limevunjika, ananitazama kwa macho ya kahawia bila kupiga kelele. Baba akammaliza kwa fimbo. Kisha, kama ilivyo desturi kwetu kwa ndege mwizi, akamning'iniza kichwa chini kwenye nguzo ili wenzake waone.

Wenzake walikuja mara moja. Wale Wenye Sketi wawili waliruka kutoka jabalini wakazunguka juu ya uwanja wetu wakilia, asubuhi hadi mchana. Mimi niliwashangilia. Nilidhani wanasherehekea, kwamba adui yao amekufa. Niliwapungia mkono.

Shangazi alirudi Jumatatu. Baba alikuwa bado nyumbani, homa ilikuwa imemzuia kurudi kazini, amekaa mlangoni na blanketi. Shangazi hakutua hata mzigo. Alikwenda moja kwa moja kwenye nguzo, akakata kamba, akakaa chini na yule ndege mapajani, akaufungua mkia wake unyoya kwa unyoya kama mtu anayefungua kanga iliyokunjwa. Katikati ya zile nyoya za kahawia kulikuwa na mmoja mpya, mfupi, bado unatoka. Ulikuwa mwekundu.

"Ni mtoto wao," alisema. "Fausta, ni mtoto wao. Mtoto havai sketi mpaka akue. Alikuwa anarudi kwao."

Nikaanza kulia, nikijua nitapigwa. Hakunipiga. Alimwelekea baba, na sauti yake sikuwahi kuisikia hivyo. "Kalisti, mimi nitakwenda Mwimbi."

"Dada, mtoto yupo hapa."

"Na asikie. Wa kwangu anafikisha umri wake huyu. Nilimwacha anajifunza kutembea. Nikikutana naye kesho njiani nitampita kama jiwe, na yeye atanipita."

Ndivyo nilivyojua. Shangazi aliwahi kuolewa Mwimbi. Ndoa ilipovunjika, mahari ilirudishwa, na mtoto alibaki upande wa baba yake, kama ilivyokuwa kawaida. Aliitwa Yasinta. Walimwambia shangazi kwamba siku akikanyaga pale, mtoto atavushwa kwa ndugu zao Zambia na hatamwona milele. Mwaka huo huo mama yangu akafariki, na shangazi akapewa mimi.

"Wakikuona watamficha," baba alisema.

"Sitaki kumchukua. Nataka sura yake tu, niijue."

Baba alijifunika blanketi vizuri. "Basi nenda na Fausta. Mwanamke mwenye mtoto haulizwi maswali. Na macho anayo."

Ningependa niwaambie kwamba nilimhurumia. Sikumhurumia. Nilikuwa na miaka kumi na nilikuwa nimeibiwa. Kumbe magauni yale hayakuwa yangu, kumbe mikono ile ilipokuwa inanipima mabega ilikuwa inampima mwingine. Shangazi alifungua sanduku mbele yangu, akayafunga magauni yote ya akiba kwenye kitenge, na la buluu lenye kola nyeupe likawa juu. Kama bahati ingemruhusu, alisema, angemwachia mtu amfikishie. Lori la kwenda Kasesya lilitushusha njiani na safari iliyobaki tukaimalizia kwa miguu, naye alitembea haraka kuliko nilivyowahi kumwona. Mimi nilikuwa nawaza jambo moja tu. Akimwona huyo Yasinta, mimi nitakuwa nani?

Tulifika tukalala kwa mama mmoja mjane aliyewahi kuwa rafiki yake. Kesho yake mchana tukakaa kando ya barabara mbele ya shule na kapu la karanga, kama wauzaji wengine waliokuwapo. Shangazi alijifunika kitenge kichwa na uso, akainama hadi paji la uso likagusa magoti, kwa kuwa pale kila mtu mzima angemtambua. Mimi ndiye niliyesimama. "Wewe ndiye macho yangu leo," aliniambia kwa Kifipa, kutoka ndani ya kitenge. "Ana alama nyeusi chini ya sikio la kushoto, ndogo kama punje ya ulezi. Ukimwona, niguse bega tu. Nitainua uso mara moja, nimwone, basi."

Kengele ikalia. Wakatoka wote kwa pamoja, sketi za buluu, blauzi nyeupe, vichwa vimenyolewa, hakuna wa kumtofautisha na mwenzake. Nikawatazama kama nilivyofundishwa, nikaacha sura kwanza, nikatazama mwendo na mikono na miguu. Kundi la wasichana likaja kununua karanga. Mmoja alisimama nyuma akisubiri zamu yake. Alisimama mguu mmoja, na unyayo wa pili akiusugulia kwenye shavu la ule wa kwanza, taratibu.

Nilimjua kabla sijaiona ile alama. Alipofika mbele akageuka kumjibu mwenzake, nikaiona pia, chini ya sikio, nyeusi. Alikuwa mwembamba kuliko mimi, na kola ya blauzi yake ilikuwa imeshonwa kwa uzi wa rangi nyingine. Akanipa sarafu yake. Nikamjazia kopo. Akamwona mtu mzima aliyeinama pembeni yangu na, kama mtoto aliyelelewa vizuri, akapiga goti kidogo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu," shangazi akajibu kutoka ndani ya kitenge, kama unavyomjibu mtoto yeyote. "Hujambo?"

"Sijambo." Kisha akaniuliza mimi kwa sauti ya chini, "Mama anaumwa?"

"Anaumwa macho," nikasema.

"Mpe pole," akasema, akaondoka akitafuna karanga. Mkono wangu ulikuwa kwenye kapu. Bega la shangazi lilikuwa karibu sana na goti langu, ningeweza kuligusa bila kunyosha mkono. Nilisubiri mpaka yule mtoto akapinda nyuma ya nyumba ya mwisho.

Barabara ilipokuwa tupu, shangazi akauliza, "Umemwona?"

"Hapana, shangazi. Humu hayumo."

"Umetazama vizuri?"

"Nimetazama. Nimeanzia mwendo."

Mwanamke yule ambaye hakuwahi kuiamini kelele yangu moja bila kuinua kichwa mwenyewe, ambaye wiki iliyotangulia alikuwa amemzika ndege niliyemwua kwa kukosea, aliniamini palepale. "Basi wameshamvusha," alisema. Akajifuta uso na pembe ya kitenge, akanipa karanga zilizobaki nile njiani.

Mwizi wa vifaranga, kama mnataka kujua, alikuwa nguchiro. Baba alimkuta chini ya ghala na mashimo yake. Na baada ya wiki mbili shangazi aliyatoa magauni ya akiba akaniwekea kitandani. "Vaa wewe mama," alisema, "yasije yakaliwa na panya." Niliyavaa. Lile la buluu nililivaa hadi likanibana kwapani, na kila mtu alisema limenipendeza.

Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Yangu haikuwa fupi hata kidogo. Ilipita shule ya msingi, ikapita bweni la sekondari, ikaolewa pamoja nami, ikaja nami hadi pwani. Kila likizo nilisema nitamwambia, na kila likizo nilimkuta ana furaha kuniona, ameniwekea maharage mapya, ananiita mama, nikasema mwakani. Mwisho nikajiambia kwamba amesahau. Hakuwa amesahau. Mtu anayekumbuka siku kinda la ndege lilipotoka kiotani hasahau.

Naikumbuka sana miaka ile, zaidi ya ninavyoweza kuieleza hapa barazani penye joto na kelele za pikipiki. Namkumbuka shangazi kwenye mwanga wa asubuhi ya Julai, pumzi yake inatoka moshi, ungo mkononi, ananitania kwamba nimemwita kunguru kipanga. Nakumbuka harufu ya nyasi zilizoungua na ya ile dawa ya zambarau vidoleni mwangu. Ningetoa chochote nikae tena kwenye lile gogo nikiwa mtoto ambaye bado hajaenda Mwimbi.

Mwaka wake wa mwisho macho yake yalikuwa yameingia ukungu. Nilikwenda kumuuguza wiki tatu. Kila asubuhi alitaka atolewe nje, nami nikamweka kwenye kiti akaelekeza uso juu. "Nani yule?" aliuliza, akisikia tu kivuli kimepita. Nikamwambia mkia, nikamwambia mabawa, nikamwambia tumbo, naye akataja jina, na kila mara alikuwa sahihi kwa sababu aliamini kila nililomwambia. Siku ya mwisho niliyokaa naye nilifungua kinywa mara mbili. Nikamuuliza kama anahitaji uji.

Siku tulipomzika watu walikuwa wengi, na alasiri, wengi wao walipokwisha kuondoka, akaja mwanamke wa umri wangu, viatu vyake vimejaa vumbi la safari. Hakumjua mtu yeyote pale. Alisimama karibu na mlango uzito wote kwenye mguu mmoja. Niliinuka nikampokea mzigo kabla hajataja jina.

Hakuwahi kuvushwa popote. Alikulia Mwimbi, akaolewa huko huko, akiambiwa mama yake alikufa akimzaa. Baba yake alipofariki ndipo shangazi mmoja wa upande ule alipomwambia ukweli, na habari za msiba zilimkuta akijiandaa kuja kumtafuta. Nilimpeleka kaburini, tukarudi, nikampa maji ya kunawa na chakula. Alikula kidogo sana. Kisha akanishika mkono.

"Dada," akasema, "naomba unieleze ukweli. Aliwahi kunitafuta?"

Ningeweza kumjibu kwamba alimkumbuka kila siku, na usingekuwa uongo, na mambo yangeishia hapo.

"Alikuja," nikasema. "Ulikuwa mdogo, umetoka darasani. Alikaa kando ya barabara na kapu la karanga, amejifunika kitenge. Ulinunua kwangu. Ukamwamkia, naye akakuitikia."

Hakuuachia mkono wangu. Machozi yalikuwa yanamtiririka na hakuyafuta.

"Mbona hakuinua uso?"

"Aliniuliza mimi kama umo," nikamwambia. "Nikamjibu hayumo."